Mkasi Juu ya Njia ya Unyanyembe

Barbara Pollut alijua kuunga mkanda wa filamu tangu utotoni. Alizaliwa mwaka 1903 huko Palisades Park, New Jersey, enzi ambazo sinema za Marekani zilikuwa bado zinatengenezwa upande wa mashariki wa nchi hiyo. Baba yake, Charles Pollut, alikuwa na maabara ya kusafisha filamu, na binti alikaa mezani humo akijifunza kuunga vipande.

Kuunga mkanda ilikuwa kazi ya vidole. Unakwangua utando wa picha kwenye ncha ya kipande kimoja mpaka kibaki kitupu kama kioo, unapaka gundi kali, unalaza juu yake ncha ya kipande cha pili, unabana, unahesabu. Ukiwahi kuachia, mkanda utakatika ndani ya mashine watu wakiwa wamekaa wanatazama. Ukizidisha gundi, litabaki doa, na doa dogo kama punje ya ulezi likifika ukutani linakuwa kubwa kama sinia. Mkanda wenyewe ulikuwa wa naitreti, kitu kinachoshika moto haraka kuliko nyasi za kiangazi. Hivyo fundi alifanya kazi polepole, kwa mikono mitulivu, na kazi yake ikiwa nzuri hakuna aliyeiona.

Binti yule alisomeshwa muziki pia, na sinema zilipoanza kutoa sauti elimu hiyo ilimfaa sana, maana mhariri wa filamu hukata kwa sikio kama anavyokata kwa jicho. Akaolewa, akachukua jina la McLean, akahamia Los Angeles, akaanza kama msaidizi katika vyumba vya kuhariri. Mwaka 1933 jina lake lilitajwa kama mhariri katika filamu ya Gallant Lady, ya kampuni changa ya Twentieth Century. Kampuni hiyo ilipoungana na Fox mwaka 1935, yeye akabaki, na hakuondoka mpaka alipostaafu mwaka 1969. Tangu mwaka 1949 alikuwa mkuu wa idara nzima ya uhariri. Aliteuliwa kuwania tuzo ya Oscar mara saba na akaipata kwa filamu ya Wilson ya mwaka 1944. All About Eve ya mwaka 1950 ilipita mikononi mwake, na The Robe ya mwaka 1953, filamu ya kwanza kutolewa kwa skrini pana ya CinemaScope, vilevile. Darryl Zanuck, bosi wa studio ambaye hakuwa mtu wa kuambiwa kitu kirahisi, alimsikiliza. Barbara mwenyewe alifariki mwaka 1996.

Habari za mama huyu zinatuhusu sisi wa huku kwa sababu ya filamu moja. Mwaka 1939 alikaa na mkanda wa zaidi ya futi 9,000, dakika 101 za picha, na kazi yake ilikuwa kuikata na kuiunga safari ya kutoka pwani kupitia Unyanyembe hadi Ujiji. Filamu hiyo inaitwa Stanley and Livingstone. Mwongozaji wake alikuwa Henry King, Stanley aliigizwa na Spencer Tracy, na Livingstone na Cedric Hardwicke.

Ilitengenezwa hivi. Mwaka 1937 studio ilituma kikosi Afrika Mashariki chini ya Otto Brower, kikapiga picha Kenya, Uganda na Tanganyika. Mshauri wao alikuwa Osa Johnson, aliyekuwa amefiwa na mumewe na mpigapicha mwenzake, Martin, katika ajali ya ndege Januari ya mwaka huohuo. Spencer Tracy hakuja. Mtu mwingine alivishwa nguo za Stanley na kupigwa picha kwa mbali, akitembea na msafara kwenye mbuga. Kisha Hollywood, Tracy akasimamishwa mbele ya skrini kubwa, na nyuma yake zikaonyeshwa picha zilezile za mbuga. Mtazamaji aone mtu mmoja katika nchi moja. Mwenye jukumu la kumfanya aamini hivyo alikuwa mhariri: akate pale mtu wa mbali anapogeuza shingo, aunge pale Tracy anapoinua uso.

Ilikuwa kazi ya ufundi mkubwa, nami naisifu bila kusita. Lakini safari yenyewe ilikuwa na mambo mengine, na mengi ya hayo yametokea Tabora.

Henry Morton Stanley, mwandishi wa gazeti aliyetumwa kumtafuta mmisionari David Livingstone, alifika Unguja Januari 1871. Aliondoka Bagamoyo na watu 192 waliogawanywa katika misafara mitano, wa mwisho ukianza safari tarehe 21 Machi. Mizigo ilikuwa majora ya merikani na kaniki, mafurushi ya shanga na marobota ya nyaya za shaba, maana huko bara hivyo ndivyo vilivyokuwa fedha: ndivyo vilivyonunua mtama na kulipa hongo kwa kila mtemi wa njiani. Mpagazi alibeba kilo 30 na zaidi begani au kichwani, pamoja na mkeka wake, sufuria na silaha. Mbele alitangulia kirangozi, kiongozi wa njia. Nahodha wa askari wa msafara alikuwa Sidi Mubarak Bombay, Myao aliyetekwa utotoni, akauzwa Kilwa, akapelekwa India, akarudi Unguja akiwa huru. Njia hii Bombay alikuwa ameshaipita na wasafiri wa Kiingereza, Burton na Speke, mwaka 1857, akaipita tena na Speke na Grant kuanzia mwaka 1860. Stanley ndiye aliyekuwa mgeni.

Walifika Tabora tarehe 23 Juni, na Stanley akapewa nyumba Kwihara, mwendo mfupi kutoka mjini. Unyanyembe wakati huo ilikuwa njia panda ya nchi. Ukitoka hapo utakwenda magharibi Ujiji, kaskazini Karagwe na Buganda, kusini Ufipa na ng'ambo yake. Wafanyabiashara wa Kiarabu walikuwa na matembe yao makubwa, lakini mwenye nchi alikuwa mtemi Mkasiwa, na waliobeba biashara yote ile mabegani walikuwa Wanyamwezi. Kazi ya upagazi kwao ilikuwa heshima. Kijana asiyewahi kuiona pwani alikuwa bado hajahesabiwa kuwa mwanaume kamili.

Mwaka huohuo Mirambo wa Urambo aliifunga njia ya Ujiji. Waarabu wakaamua kumpiga, na Stanley akaingia vitani pamoja nao, bendera ya Marekani ikipepea. Walianza kwa ushindi Wilyankuru, lakini walipokuwa wakirudi na nyara, Mirambo akawavizia na kuwavunja. Tarehe 22 Agosti akaingia Tabora yenyewe. Khamis bin Abdallah, mmoja wa wakubwa wa Waarabu, akauawa, na sehemu ya mji ikateketea. Stanley, aliyekuwa ametoka kwenye homa, alijifungia Kwihara na bunduki zake akingoja zamu yake, lakini Mirambo hakumfuata. Tarehe 20 Septemba msafara ukaondoka kuelekea Ujiji kwa kuzunguka mbali upande wa kusini. John Shaw, mmoja wa Wazungu wawili alioanza nao, alishindwa njiani, akarudishwa Kwihara akafia huko. Mwingine, Farquhar, alikuwa ameshafariki Mpwapwa.

Vita hivyo vingetosha filamu nzima. Mirambo alikuwa mtemi aliyeijenga dola yake kwa rugaruga, wapiganaji wake vijana, aliyezungumza na masultani na wamisionari kwa usawa, na aliyekufa mwaka 1884 hajashindwa na mtu. Studio ilikuwa na mambo mengine ya kushughulikia. Ilimbuni mwenzi wa safari, Jeff Slocum, mzee mchekeshaji aliyeigizwa na Walter Brennan, ikambuni pia binti wa kupendwa, Eve Kingsley, aliyeigizwa na Nancy Kelly. Mtu wa kumsaidia Stanley njiani alihitajika, na Bombay alikuwepo tayari, mwenye safari mbili mwilini mwake na lugha kadhaa kinywani. Waliona ni heri wamzue Mmarekani.

Simlaumu Barbara McLean kwa hilo. Mhariri hukata alicholetewa mezani, na kisichopigwa picha hakikatwi wala hakiungwi. Kuna pahala pamoja hata hivyo ambapo mkato wenyewe ndio unaosema. Karibu na mwisho wa filamu, Stanley amesimama mbele ya wataalamu wa jiografia Uingereza, hawamwamini, na papo hapo inaingia habari ya kifo cha Livingstone inayothibitisha maneno yake. Kwa kweli Stanley alihutubia Brighton Agosti 1872, wakati Livingstone yuko hai Kwihara, akijiandaa kuondoka. Alifariki Mei 1873 na mwili wake ukafika Uingereza Aprili 1874. Miezi 20 imebanwa ikawa dakika chache. Walioutembeza ule mwili miezi tisa hadi pwani wamepotelea kwenye kiungo, mahali ambapo gundi hukaa.

Nao ndio ninaotaka kukaa nao zaidi.

Livingstone alipofia kwa Chitambo, katika nchi ambayo leo ni Zambia, waliokuwa naye wangeweza kumzika na kwenda zao. Walikuwa watu kama 60, wakiongozwa na Abdullah Susi na James Chuma. Waliutoa moyo wakauzika chini ya mti, wakaukausha mwili kwa chumvi na jua siku 14, wakaufunga kwa kitambaa na gome la mti, wakaufunika kwa turubai. Jacob Wainwright, aliyejua kusoma na kuandika, akasoma sala. Kisha wakaubeba.

Oktoba 1873 walifika Kwihara, kwenye nyumba ileile. Humo walimkuta Luteni Cameron, Mwingereza aliyetumwa kumtafuta Livingstone, yeye na wenzake wakiwa hoi kwa homa. Cameron aliwashauri wamzike hapohapo Unyanyembe, maana mbele kuna hatari. Wakakataa. Alikuwa ofisa wa jeshi la wanamaji la Malkia na wao watumishi wa maiti. Hawakumpigia kelele, lakini hawakubadili neno.

Mbele ya Tabora, Kasekera, wenyeji walikataa maiti isipite katika nchi yao. Chuma, Susi na wenzao wakapanga jambo. Walitangaza kwamba wameshindwa, wanairudisha maiti Unyanyembe ikazikwe. Wakakata mabua ya mtama, wakayafunga na kuyavika kitambaa mpaka yakawa na urefu na umbo la mtu, wakaweka wabebaji, nao wakaondoka mbele ya watu wote kwa mwendo wa msiba kuelekea walikotoka. Usiku wakaingia porini, wakafumua furushi, wakatupa bua hapa na bua kule, wakarudi mmoja mmoja wakiruka majanini ili wasiache nyayo. Maiti yenyewe ilikuwa imetolewa kwenye gome na kufungwa upya kama robota la kawaida la nguo. Asubuhi msafara ukapita Kasekera na mzigo mmoja zaidi wa kitambaa, na hakuna aliyeuliza.

Kila nikisoma habari hii namkumbuka binti wa New Jersey na vidole vyake. Kuna kitu cha kuonyeshwa na kitu cha kufichwa, na kiungo kati yao kisichoonekana. Ufundi ule aliouleta mezani mwaka 1939, watu wa njia ya Unyanyembe walikuwa wameshautumia miaka 66 kabla, bila mkasi wala gundi, na roho zao zikiwa rehani.

Februari 1874 waliufikisha Bagamoyo, ukapakiwa melini. Livingstone akazikwa Westminster Abbey tarehe 18 Aprili. Wainwright alikuwepo mazikoni. Chuma na Susi hawakuwepo. Waliletwa Uingereza baadaye, kwa gharama ya rafiki wa marehemu, James Young, wakati kaburi limeshafungwa.

Huko wakakutana na mhariri mwingine. Mchungaji Horace Waller alikuwa amepewa madaftari ya Livingstone ayatengeneze yawe kitabu, na Chuma na Susi wakakaa naye Twywell, Northamptonshire, wakimweleza yale ambayo daftari halikuyasema: njia, majina, siku za mwisho, Chitambo, Kasekera. Kitabu kilitoka mwaka huohuo wa 1874. Habari za safari ya maiti ni zao, lakini maneno ni ya Waller. Aliondoa na kulainisha mengi ambayo Livingstone aliyaandika kwa hasira au kwa kukata tamaa, ili atakayesoma aone mtakatifu. Kilichobaki Westminster na katika vitabu vya shule, hata hivi vyetu, ni Livingstone wa Waller.

Na kabla ya Waller mkasi ulikuwa mikononi mwa Livingstone mwenyewe. Mwaka 1871, akiwa Nyangwe kwenye Mto Lualaba, aliishiwa karatasi na wino. Akaandika juu ya magazeti ya zamani kwa rangi aliyoitengeneza kutokana na mimea. Tarehe 15 Julai aliona watu wa wafanyabiashara wakiua mamia ya watu sokoni Nyangwe, akayaandika siku zilezile. Baadaye alinakili habari zile katika daftari safi ambalo leo linaitwa Shajara ya Unyanyembe, alilomkabidhi Stanley walipoagana Machi 1872. Ile ya magazeti ilififia mpaka haisomeki. Mwaka 2011 wataalamu walioongozwa na Adrian Wisnicki waliisoma tena kwa kuipiga picha kwa mwanga wa rangi nyingi, wakaona kwamba nakala safi haikulingana na ya kwanza, hasa pale ilipohusu mwenendo wa watu wa Livingstone mwenyewe. Ndiyo kusema kwamba daftari lililobeba jina la nchi ya Tabora lilikuwa tayari limehaririwa kabla halijaiona bahari.

Mtoto mmoja aliyetoka Tabora anastahili kutajwa hapa. Stanley alipewa mtoto mtumwa mjini humo, jina lake Ndugu M'Hali, akambatiza jina la Kalulu. Akaenda naye Ulaya. Mwaka 1872 walipigwa picha pamoja katika studio London, na nyuma yao pazia lililochorwa mandhari ya nchi za joto. Mtoto wa Afrika halisi, mbele ya Afrika ya rangi. Miaka 65 baadaye Hollywood iligeuza mambo: Afrika halisi kwenye skrini, na mbele yake Mmarekani. Kalulu alirudi na Stanley katika safari iliyofuata, akazama kwenye maporomoko ya Mto Kongo Machi 1877, akiwa bado kijana mdogo.

Miaka ileile Brower alipokuwa akipiga picha za mbuga, mkanda ulikuwa unakatwa pia ndani ya Tanganyika. Kati ya 1935 na 1937, Vugiri katika milima ya Usambara, mradi uliofadhiliwa na Carnegie na kuendeshwa na L. A. Notcutt na wenzake ulitengeneza filamu 35 za kuwafundisha Waafrika kilimo, afya na akiba, zikazungushwa kwa lori. Zimebaki tatu. Baada ya uhuru tukawa na Tanzania Film Company, iliyoundwa mwaka 1968.

Njia ya msafara ilirudi kwenye sinema mwaka 1990, Bob Rafelson alipotoa Mountains of the Moon, habari za Burton na Speke. Mhariri wake alikuwa Thom Noble, Mwingereza aliyepata Oscar kwa filamu ya Witness. Ilipigwa Kenya. Safari hii Bombay hakuachwa: aliigizwa na Mkenya, Paul Onsongo, mwenye uso na jina lake. Filamu ni ya Wazungu wawili na ugomvi wao, sibishi, lakini angalau mtu aliyewaongoza anaonekana akiwaongoza.

Bombay mwenyewe, baada ya Stanley, alivuka Afrika nzima na Cameron kutoka bahari hadi bahari, akalipwa pensheni ndogo na Jumuiya ya Kifalme ya Jiografia, akafariki mwaka 1885. Chuma alifariki 1882. Susi, aliyebatizwa David, alifariki Unguja 1891. Jumuiya ilitengeneza medali 60 kwa ajili ya walioubeba mwili wa Livingstone. Wengi wao walikuwa wameshatawanyika, wamechukua mizigo mingine na kuingia tena bara, na medali zao hazikuwafikia.

Kwihara ipo. Tembe limejengwa upya, lina mlango wa nakshi na miembe karibu, na tangu mwaka 2006 njia yote, pamoja na Bagamoyo, Mamboya, Mpwapwa, Kilimatinde na Ujiji, imo katika orodha ya Tanzania ya maeneo yanayopendekezwa kuwa urithi wa dunia. Siku hizi kijana wa Tabora mwenye kompyuta moja na programu ya kuhariria anaweza kufanya katika chumba cha kupanga yale ambayo Barbara McLean aliyafanya na idara nzima. Gundi haihitajiki tena, wala hakuna cha kuungua.

Ewe unayehariri harusi na nyimbo za bongo fleva pale mjini, nenda Kwihara siku moja ya Oktoba, joto likiwa kali kabla ya mvua, na kamera ya kuazima. Anzia mlangoni, wanaume wachovu wakiwa wameweka mzigo mrefu chini, na Luteni mgonjwa anawaambia wauzike hapo. Kisha tembea nao hadi Kasekera, na usiikate ile safari ya usiku ya mabua ya mtama.